TAHADHARI: Kuna kishoka anazungukia misiba ya ajali, anajiita mwanasheria wa fidia

Jamani wa Kibaha, Mlandizi, Chalinze na wote wenye ndugu kwenye barabara ya Morogoro, someni hii na muitume mbele. Kaka yangu aligongwa na lori akiwa kwenye pikipiki, akafariki; hayo mnayajua, sirudii. Naandika kuhusu hela yake ya fidia, iliyoliwa na mwanamume aliyekuwa akikaa kwenye mkeka wetu.

Alikuja siku ya hitma. Shati la mikono mirefu, kofia ya viua, rambirambi elfu hamsini ndani ya bahasha, akaketi na wanaume wakasoma Yasini mpaka mwisho. Ndipo akajitambulisha. Akataja namba ya lori, namba ya jalada la trafiki, hadi jina la daktari aliyesaini uchunguzi wa maiti. Mtu wa nje anayatoa wapi hayo? Baba mdogo alipomuuliza malipo yake, akajibu, "Hela ya yatima haitangulizwi, baba. Mkipata mtanifikiria." Na nyie mngemwamini, msinidanganye.

Wifi alikuwa eda, na hapo ndipo alipotushika. "Mama asitoke, nitamletea kila kitu hapa hapa." Akawa analeta fomu, anaonyesha pa kusaini tu, nyingine hazijajazwa. Siku moja akaja na kijana mwenye begi la mgongoni, eti wa benki, na kile kimashine cha alama za vidole. Wifi akatoa mkono ndani ya kanga, akaweka dole. "Halijasoma, mama." Kijana akafuta kioo kwa pindo la shati. Tena. "Mtandao unasumbua, mama, weka la kushoto." Tena. Mimi ndiye niliyempelekea wifi kitambaa afute unga mkononi, na chai nikawatilia, na vitumbua. Kumbe dole lilikuwa linasoma kila mara! Akaunti ilifunguliwa kweli, lakini na laini ya simu ikasajiliwa kwa jina la wifi, na laini hiyo ndiyo iliyofungwa kwenye akaunti. Aliondoka nayo mfukoni.

Eda ilipoisha wifi alikwenda mahakama ya mwanzo mwenyewe, akapewa barua ya usimamizi wa mirathi kihalali kabisa. Tukazidi kumwamini.

Kisha yule mtu akaja na barua yenye mhuri na milioni sita taslimu. Eti ametutolea benki kutupunguzia foleni. Eti kampuni ya bima imekata kwa sababu marehemu hakuvaa helmeti. Kaka yangu na helmeti yake! Tulibisha kidogo, akasema tukikataa kesi inaanza upya. Tukampa laki sita kwa mikono miwili, na baba mdogo akamwombea dua. Dua!

Lile la helmeti halikunitoka. Juzi nikaenda mwenyewe kwenye kampuni ya bima. Dada wa madai akanigeuzia kioo cha kompyuta: milioni 22, zimelipwa kwa mkupuo kwenye akaunti ya wifi, na hati ya kukiri malipo ina dole lake. Benki wanasema mteja alihamisha hela mwenyewe kidogo kidogo kwa simu. Simu ipi? Wifi ana kitochi ambacho hata salio anasomewa na mtoto.

Huyu mtu kifungo hakimtoshi. Ana nyumba anapaua, iuzwe bati kwa bati, watoto warudishiwe chao. Na aliyempa namba ya jalada naye atajwe, maana jalada halitoki kituoni kwa miguu yake. Wale vijana wa vimashine nao washikwe wote, Mungu atanisamehe.

Mtaniuliza dalili zake. Hana ofisi, ni nyumbani kwenu au mgahawani. Nakala hakuacha hata moja. Kila tuliposema mmoja wetu aende naye bima, alikuwa na udhuru. Jina lake nimelitafuta kwenye e-Wakili, ule mtandao wa kuhakiki mawakili, halimo. Nimepiga *106# kwa NIDA ya wifi, ikatoka laini tusiyoijua, pigeni na nyie leo. Na hii hatukuambiwa na mtu: gari lenye hata bima ndogo tu, ile ya mtu wa tatu, madai ya kifo ndugu mnapeleka wenyewe, na ripoti ya trafiki, cheti cha kifo cha RITA na ile barua ya mirathi. Kampuni ikiwazungusha nendeni TIRA, wanaosimamia kampuni za bima, au kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, kule hamdaiwi hata shilingi.

Simu yake haipatikani tangu nitoke bima. Mara ya mwisho kaonekana Chalinze, kwenye msiba wa ajali nyingine, na kofia ile ile. Wenye msiba huo, kama mnasoma hapa, msiweke dole popote. Anayejua anakolala anitafute pembeni, RB ya polisi ninayo.