Uzoefu wangu wa kubadili koordineti za ramani za zamani: programu ya simu na QGIS

Mimi ni fundi wa visima mkoani Dodoma, na kazi iliyonifikisha kwenye programu hizi ni daftari kuukuu la visima vinavyotakiwa kufufuliwa. Mahali pa kila kisima pameandikwa kwa mita, yaani tarakimu za mashariki na za kaskazini zilizosomwa kwenye ramani za 1:50,000, ilhali simu zetu zinatuongoza kwa latitudo na longitudo. Nilianza na programu moja ya bure ya simu, ambayo sitaitaja jina, kwa kuwa ilikuwa nyepesi na ilifanya kazi hata pasipo mtandao.

Kisima cha kwanza kilikuwa upande wa Kongwa. Tarakimu hizo za mita hufuata mfumo wa UTM, unaoigawa dunia katika kanda zenye upana wa nyuzi sita za longitudo. Programu ilijichagulia ukanda wa 36 Kusini bila kuniuliza, ikakipeleka kisima zaidi ya kilomita 600 magharibi, kuelekea Ziwa Tanganyika. Chanzo chake kila anayefanya kazi hapa anapaswa kukifahamu: mpaka kati ya ukanda wa 36 na wa 37 ni longitudo ya nyuzi 36 Mashariki, nayo inapita chini ya kilomita 30 kutoka katikati ya jiji la Dodoma. Ukiuvuka mstari huo kuelekea Kongwa au Mpwapwa, tarakimu za mashariki zinaruka ghafla kutoka zaidi ya 830,000 hadi takriban 168,000, kwa sababu kila ukanda unahesabu kuanzia mstari wake wa kati, ambao hupewa 500,000.

Kosa hilo angalau lilionekana wazi. La pili lilikuwa la hatari zaidi kwa sababu lilifanana na ukweli. Baada ya kurekebisha ukanda, simu ilitufikisha katikati ya shamba la mtama, tukazunguka hapo kwa saa nzima huku tukichokoa udongo kwa sululu. Mzee mwenye shamba, tulipomwamkia na kumweleza shida yetu, alinyoosha fimbo kuelekea kusini akasema, “Wanangu, hapa hapajawahi kuwa na kisima. Nendeni kule kwenye ule mbuyu.” Tulihesabu karibu mita 300, na chini ya vichaka vya miiba tukakuta bomba la chuma lenye kutu, mdomo wake umezibwa kwa mawe.

Ramani zile za zamani zimechorwa kwa datumu (yaani umbo la dunia na mahali pa kuanzia vipimo) ya Arc 1960, wakati simu na satelaiti hutumia datumu nyingine, WGS 84. Katika eneo letu tofauti ya hizo mbili ni takriban mita 300, kwa sehemu kubwa kaskazini na kusini. Programu ile haikuwa na mahali popote pa kuchagua datumu, na hilo ndilo lililonifanya niifute.

Sasa natumia QGIS, programu ya kutengeneza na kuchambua ramani, ambayo pia ni ya bure. Inahitaji kompyuta, na siku za mwanzo nilikwenda nayo polepole, lakini inakulazimisha useme tarakimu zako zinatoka wapi. Kila mfumo wa koordineti una namba yake ya utambulisho, iitwayo msimbo wa EPSG: kwa Arc 1960 naipa msimbo EPSG:21036 kwa ukanda wa 36 na EPSG:21037 kwa ukanda wa 37, kisha naitoa orodha kwa EPSG:4326, ambayo ndiyo latitudo na longitudo za WGS 84. Kilichonivutia zaidi ni kwamba huorodhesha njia mbalimbali za kubadili datumu na kuonyesha usahihi wa kila moja kwa mita, nami nachagua ile ya Tanzania. Kisima cha mbuyuni nilikirudia kwa njia hiyo, na nukta ikaangukia hatua chache tu kutoka kwenye bomba.

Angalizo moja kwa wanaoandika kwa mkono: 6°10′30″ Kusini (nyuzi 6, dakika 10, sekunde 30) ni −6.175, wala si 6.1030, kwa kuwa dakika hugawanywa kwa 60 na sekunde kwa 3,600, na Kusini huwekewa alama ya kutoa. Nimekuta kosa hilo mara tatu katika daftari letu.

Daftari jipya lina safu mbili zaidi, ya datumu na ya ukanda. Mistari ya zamani isiyo na taarifa hizo tumeiwekea alama nyekundu, na hatutapeleka mtambo wa kuchimba mahali hapo kabla hatujafika wenyewe na kuzungumza na wenyeji.