Kasuku aliyeganda hewani: Monty Python yangu ya mitumba

Kama ningeweza kutoa nyota sifuri ningetoa. Halafu nadhani ningerudi kesho yake, hasira zikishatua, nikaongeza nne. Lakini leo hazijatua, kwa hiyo nivumilieni.

Kazi yangu hapa Uingereza ni kuhudumia wazee majumbani mwao. Asubuhi dawa na uji, jioni namfunika mtu blanketi na kuzima taa. Mmoja wao ana miaka themanini na ushee. Maungo yamechoka, kichwa hakijachoka hata kidogo, na huyu ndiye aliyenitia kwenye balaa hili. Kila nikiingia na chai anashika fimbo yake, anainuka kitini na kuurusha mguu mmoja mbele kama korongo aliyekanyaga kaa la moto. Huo ni mwendo wa John Cleese, mmoja wa wale wachekeshaji sita wa kundi la Monty Python, kutoka kichekesho cha mwaka 1970 kuhusu wizara nzima ya serikali inayotoa ruzuku kwa watu wenye mwendo wa kipuuzi. Yeye anacheka mpaka machozi. Mimi roho juu, maana akianguka fomu ya ajali naijaza mimi, si Cleese.

Basi siku yake ya kuzaliwa ilipokaribia (ilikuwa kabla ya Pasaka, au Pasaka ilishapita, sikumbuki) nikasema nimtafutie programu yao ya televisheni, Monty Python's Flying Circus, ikiwa kamili, vipindi vyote 45, vile vilivyoanza kurushwa BBC Oktoba 1969 na kuisha Desemba 1974. Nikaipata kwenye duka la mitumba karibu na stendi ya mabasi. Boksi zima pauni 8. Pembeni yake palikuwa na filamu yao ya mwaka 1975 ya Mfalme Arthur, pauni 1, nikaibeba nayo. Nilijiona mjanja kuliko watu wote wa mji ule.

Nakiri kwamba mwanzoni sikuona wanachochekea. Mimi nimekulia Tanga kwa King Majuto, Mungu amrehemu. Kwa Majuto kisa kina mwanzo na mwisho: mzee mchoyo anaumbuka, mnacheka, mnajua kimeisha, mnaenda kula. Hawa Waingereza mwisho waliufuta makusudi. Kichekesho kikifika katikati anaingia kanali wa jeshi, ambaye ni Graham Chapman, daktari aliyesomea udaktari kweli, anaamuru waache kwa sababu wamezidi upuuzi. Au unashuka mguu mkubwa kutoka mbinguni na kuponda kila kitu. Mguu wenyewe Terry Gilliam, Mmarekani pekee kati ya wale sita, aliukata kwenye mchoro wa Bronzino ambao umetundikwa National Gallery, London. Yaani mguu wa heshima zake. Mara ya kwanza uliposhuka nilimwuliza mzee, "Hapa imeisha au umeme umekatika?"

Akacheka hilo swali langu kuliko kichekesho chenyewe. Sikupendezwa.

Halafu, diski ya pili, tukafika kwa kasuku.

Kwa asiyemjua: mtu anaingia duka la wanyama na kizimba mkononi. Kasuku aliyeuziwa, hata nusu saa haijapita, amekufa. Mwenye duka, Michael Palin, hakubali. Anasema ndege anapumzika. Akibanwa anasema amezubaa tu. Akibanwa zaidi anasema ana hamu ya kwao Norwei. Mteja amegundua kwamba kasuku alikuwa amesimama kwenye kijiti kwa sababu alipigiliwa misumari. Cleese anamtoa kizimbani, anampigia kelele za kumwamsha, anamgonga kichwa kwenye kaunta, anamrusha juu...

Na hapo DVD ikaganda.

Kasuku hewani. Cleese anamtazama. Picha ikavunjika vijisanduku, sauti ikawa ya mbuzi mwenye kwikwi, kisha kimya. Nikaitoa diski nikaifuta kwa ncha ya kanga. Kasuku hewani. Nikaisugua kwa dawa ya meno, dawa ile ya nyumbani ambayo haijawahi kuponya diski hata moja lakini kila mtu anaijaribu. Kasuku hewani, safari hii na harufu ya minti. Nikajaribu kuruka mbele kwa rimoti, deki ikanirudisha mwanzo kabisa wa kipindi, kama mtoto aliyekosea kusoma.

Mzee hata hakujali. Alifumba macho akamalizia yote kwa kichwa, sauti ya mteja na sauti ya mwenye duka, bila kuruka neno. Mimi ndiye niliyekasirika kwa niaba yake, tena ilikuwa siku yake ya kuzaliwa.

Usiku nikampigia mama. "Shikamoo, mama." "Marahaba mwanangu, mbona sauti hiyo?" Nikamsimulia kasuku mwanzo hadi pale alipobaki juu. Kimya. Kisha akauliza, "Kwani alipomnunua hakumtazama?"

"Hakumtazama, mama."

"Kuku tu unampuliza manyoya uone ngozi, unampima mkononi uone kama ana nyama. Huyo amenunua ndege mwenye misumari miguuni asione? Basi mjinga ni yeye, mwenye duka mnamwonea."

Habari ya DVD yangu sikumgusia.

Kesho yake, au keshokutwa, nikaenda dukani na boksi na risiti. Kaunta alikuwapo kijana mpole. Nasisitiza upole wake, kwa sababu ndio ulioniumiza. Angenitukana ningejua pa kumshika. Alisema "sorry" mara tisa, nilizihesabu. Kwetu kuna pole na kuna samahani. Pole unampa aliyefikwa, samahani unaiomba uliyekosa, na mtu akizichanganya unajua anakukwepa. Kijana yule neno lake moja lilibeba mizigo yote miwili na halikuufikisha hata mmoja. Alikuwa ananipa pole kwa kosa la duka lake, kana kwamba diski imekufa kwa malaria.

Akaiweka kwenye deki yao. Palin akatokea na matambara yake na ndevu, akijikokota kuelekea kamera kama anavyofanya kila mwanzo wa kipindi, ikafuata ile machi ya bendi ya John Philip Sousa. "Inafanya kazi," akasema, na mkono ukaenda kuzima.

Nikamwambia, mpeleke mbele, kwa kasuku. Akasema utaratibu wao ni kujaribu mwanzo. Nikamwambia mwanzo sina ugomvi nao, mwanzo ni mzima wa afya, mgonjwa yuko katikati. Sorry. Akauliza kama deki ya kwetu ni ya zamani. Nikasema ni ya zamani na imecheza diski nyingine zote. Sorry. Ndipo akanieleza, kwa sauti ya mtu anayemtuliza mtoto, kwamba wakati mwingine diski ikipata joto inachoka, na kwamba niiache usiku mmoja ipumzike.

Ipumzike!

Nikamtazama usoni nitafute tabasamu. Ningeona hata kona moja ya mdomo imepanda ningemsamehe pale pale na pauni zangu 8. Hakuna kitu. Uso mweupe wa sahani. Hakuwahi kuitazama, hakujua anauza nini, na alikuwa amesema neno lilelile la kwanza la Palin. Nyuma yangu kwenye foleni mama mmoja mtu mzima akapasua kicheko mpaka akaangusha mwavuli. Nami hasira zikanitoka kwa sauti ambayo sijawahi kuitumia katika duka la watu: haipumziki, imekufa! Nilipoisikia nikajua nimeshaingia kwenye kichekesho, tena kwa upande wa yule ambaye mama alisema ni mjinga.

Sheria ya haki za mlaji ya hapa, ya mwaka 2015, inampa mnunuzi siku 30 kurudisha mali mbovu na kurejeshewa fedha zake, na mali ya mitumba haikusamehewa. Nilimwambia hivyo. Alisema sorry, meneja hayupo.

Halafu watu wanawaita hawa wachekeshaji wendawazimu. Wanasema ni ndoto, ni mambo yasiyo na kichwa wala miguu. Wanaosema hivyo hawajawahi kurudisha kitu dukani Uingereza. Mzee ndiye aliyenieleza kisa cha kasuku kilikotoka: Palin alikuwa na mtu aliyemuuzia gari, na kila akienda kulalamika jamaa ana jibu, gari halina tatizo, ndivyo yalivyo magari mapya. Cleese na Chapman wakaandika kichekesho cha gari kwanza, kikarekodiwa mwaka 1968, Palin mwenyewe akicheza muuzaji. Baadaye, wakikifanyia upya kwa ajili ya Flying Circus, ni Chapman aliyetaka gari liwe kasuku. Kwa hiyo ndege yule alianza maisha kama gari bovu. Wendawazimu uko wapi hapo? Mimi naona taarifa ya habari.

Hapo ndipo nilipoanza kulegea, nasema ukweli. Nilirudi kwenye vile vipindi vingine na kuvikuta vimejaa watu wa kaunta. Yuko mwenye duka la jibini asiye na jibini hata kipande. Iko ofisi unayolipia ili ubishane na mtu. Wote wapole, wote wana utaratibu, na hakuna anayekupa ulichofuata. Nikawa nacheka peke yangu kwenye basi.

Kitu kimoja sikukitegemea. Chapman alifariki Oktoba 1989, akiwa na miaka 48, siku moja kabla programu yao haijatimiza miaka 20. Kwenye ibada ya kumkumbuka, Cleese alisimama akamtangaza kuwa amekufa kwa mtiririko wa maneno yaleyale aliyomtangazia kasuku. Mzee aliponisimulia alinitazama kwa pembe ya jicho, akidhani nitashtuka. Nikamwambia kwetu hiyo ni kazi ya watani. Nimeona kwa macho yangu mtani akishuka kaburini kabla ya maiti, akajilaza, akakataa kutoka mpaka apewe fedha, na wafiwa wakacheka kwa machozi yaleyale waliyokuwa wakililia. Mzee akanyamaza kidogo. Kisha akauliza mtu kama huyo anakodishwa kwa shilingi ngapi.

Ile filamu ya pauni 1, kwa upande wake, ilicheza kama maji. Bajeti ya farasi haikuwapo, basi Mfalme Arthur anarukaruka kwa miguu yake na nyuma mtumishi anagonganisha vifuu viwili, ko-ko, ko-ko. Vifuu! Sisi Tanga kifuu ni upawa, ni moto wa jikoni, ni kiatu cha mtoto akikitia kamba. Nilisikia mlio kabla sijaona kitu nikajua. Halafu walinzi wa ngome wanaacha kumsikiliza mfalme, wanabishana nazi imefikaje nchi ya baridi, kama mbayuwayu anaweza kuibeba. Hakuna mmoja kati yao anayeuliza kwa nini mfalme hana farasi. Nilijishika ukutani. Ilikuwa mara ya kwanza nimecheka kabla ya mzee. Ile nyota tano, na sitaki ubishi.

Lakini turudi kaunta, maana sijamaliza. Yule kijana, alipoona siondoki na foleni inarefuka, alisema fedha hawezi, ila naweza kuchagua kitu kingine cha bei ndogo, bure, na boksi langu nibaki nalo. Rafu aliyonionyesha ilikuwa na mazoezi ya viungo ya miaka ya zamani na DVD ya kuvua samaki wa bwawani.

Nikamwuliza, "Hii ya samaki inachekesha?"

Akafikiri, kwa uaminifu kabisa. "Si sana."

Nikaichukua. Mpaka leo sijui kwa nini. Nilipotoka yule mama wa mwavuli alikuwa bado anacheka mlangoni, akanishika mkono kama tunajuana. Kwa ajili yake duka naliongezea nyota moja. Meneja sikumfuata tena, na siku 30 zimeshapita, na nikikumbuka hilo naiondoa ile nyota.

Ya samaki iko juu ya kabati, haijafunguliwa. Diski ya pili Jumapili tunaiweka hivyohivyo. Inaganda palepale, kasuku juu, na mzee anamalizia. Wiki iliyopita alikwama. Kidole hewani, mdomo wazi, neno halikuja. Kiingereza cha Cleese sikiwezi, basi nikaweka kikombe chini nikamsaidia kwa cha kwetu: "Kaaga dunia, mzee wangu."

Akauliza maana yake, nikamweleza. Sasa analisema yeye, vibaya, kila nikiingia na chai.