Kamera ya nyumba: ipi ununue, ipi uiache dukani

Ukiulizia kamera madukani Darajani, utaanza kuoneshwa ukali wa picha. Mimi naanza na ua. Uani wanawake hukaa bila ya mtandio, watoto wanaogeshwa. Picha ya hapo ikitoka nje, sitara ya nyumba imekwenda.

Na hutoka kirahisi. Shodan, mtambo wa kutafuta ulioanza mwaka 2009, hupiga hodi kwenye anwani za intaneti dunia nzima na kuandika kila kifaa kinachoitikia. Kamera yako huitikia pale fundi alipofungua poti (mlango wa kupitia intaneti) kwenye ruta, kile kifaa cha intaneti ya nyumba, ili uitazame ukiwa Dubai. Nywila peke yake haitoshi: kasoro iliyotangazwa mwaka 2017 katika baadhi ya kamera za kampuni ya Hikvision ilimpitisha mtu bila ya nywila yoyote.

Chaguo langu la kwanza ni kamera za waya na mashine ya kurikodi (NVR) inayokaa ndani. Ni ghali, lakini kwa kuta nene za mawe za Mji Mkongwe waifai yenyewe inahangaika. Usikubali poti ifunguliwe, na UPnP, inayoruhusu vifaa vijifungulie poti vyenyewe, izimwe kwenye ruta. Kutazama ukiwa mbali, pitia VPN ya ruta yako, yaani njia ya intaneti iliyofungwa kwa siri hadi nyumbani. Mwaka 2023 TCRA, mamlaka ya mawasiliano ya Tanzania, iliwataka wanaotumia VPN wajisajili, basi jisajili.

La pili, kamera ya waifai ya kampuni inayotoa masasisho, yenye kadi ya kumbukumbu na uthibitisho wa hatua mbili. Hii haihitaji poti, ila picha hupitia kwenye seva za kampuni. Ifunge mlangoni, uani hapana.

La tatu ni ya laini ya simu, kwa aliyeanika karafuu Pemba mbali na nyumba. Inakula bando.

Ile ya bei ya chini kabisa, isiyo na jina la kampuni, iache. Mwaka 2016 kirusi cha Mirai kiliteka kamera na mashine za kurikodi kwa nywila za kiwandani, na baadhi ya nywila hizo mwenye kamera hakuweza hata kuzibadilisha.

Fundi akimaliza, usimpe baki ya pesa zake bado. Ukiwa bado kwenye waifai ya nyumba, tafuta anwani yake ya intaneti (IP), zima waifai ya simu, washa data, kisha iandike anwani ile kwenye kivinjari. Ukifunguka ukurasa wa kamera, mrejeshe kwenye ruta akafunge poti.