Soul Power: usiku wa Zaire 74 katika ukumbi wa Kamalondo

Jumamosi iliyopita, katika ukumbi mdogo wa filamu hapa Kamalondo, Lubumbashi, nilitazama Soul Power, filamu ya makala ya Jeffrey Levy-Hinte iliyotoka mwaka 2008, ikitokana na picha za tamasha la muziki la Zaire 74 zilizopigwa Kinshasa mwaka 1974 na kukaa ghalani zaidi ya miaka 30.

Ninaisifu kwanza kwa kutuonyesha kazi ya burudani kabla mwimbaji hajashika kipaza sauti. Tamasha la Zaire 74 lilipangwa liende sambamba na pambano la ndondi la Muhammad Ali na George Foreman. Foreman alipochanika juu ya jicho mazoezini, pambano likasogezwa hadi tarehe 30 Oktoba, na waandaaji wakabaki na muziki wa siku tatu usio na ngumi za kuwavutia wageni. Hakuna msimulizi anayetushika mkono: tunawaona waandaaji wakihangaikia fedha, mafundi wakisimamisha jukwaa, Celia Cruz, mwimbaji mzaliwa wa Kuba, akiimba na wenzake ndani ya ndege. Mwimbaji wa Marekani Bill Withers alipoketi peke yake na gitaa lake, ukumbi wetu mzima ulinyamaza.

Kinachoniuma ni nafasi finyu waliyopewa wenyeji. Franco na bendi yake ya TPOK Jazz, pamoja na mwimbaji Tabu Ley, wanapita upesi mno, ilhali ndio waliokuwa wakisikika redioni na katika mabaa ya nchi nzima, hadi huku kwetu. Mzee aliyeketi mbele yangu alianza kugonga mkongojo sakafuni kufuata magitaa ya TPOK Jazz, na kabla mkono wake haujakolea, picha ikahama. Filamu inayoonyesha jinsi Wamarekani weusi walivyoijia Afrika kama watu wanaorudi nyumbani ilipaswa kuwasikiliza zaidi waliowafungulia mlango.

Ukumbi wenyewe ni safi, na spika zake hutoa besi bila kukoroma. Hata hivyo, maandishi ya tafsiri chini ya picha yalikuwa ya Kifaransa pekee, hivyo nililazimika kumnong'onezea mama yangu kwa Kiswahili karibu kila mazungumzo. Filamu ilipokwisha, mwenye ukumbi aliweka albamu ya wasanii wa Kiafrika wa tamasha hilohilo, iliyotolewa mwaka 2017, na mzee yule akaomba taa zisiwashwe kwanza. Tulibaki vitini hadi Abeti Masikini alipomaliza kuimba.