Atlasi ya himaya na majimbo yake: inafaulu kwenye kodi, inakwama kwenye mistari

Atlasi hii ya kihistoria, inayoonyesha jinsi himaya na dola mbalimbali zilivyogawa maeneo yao kwa ajili ya utawala tangu Uajemi ya kale hadi karne ya 20, inastahili kuwa mikononi mwa kila mwalimu wa historia na kila mtumishi wa umma anayetaka kuelewa kwa nini mipaka ya ndani ya nchi hupita pale inapopita. Nalisema hilo mapema ili kasoro nitakazozitaja zisichukuliwe kuwa sababu ya kuiacha. Ubora wake mkubwa ni kwamba watungaji hawakuridhika kulipaka kila jimbo rangi na kuliandikia jina. Katika kurasa zake bora wanamwonyesha msomaji nani alikusanya kodi, nani aliwaamuru askari na nani alisikiliza mashauri, kwa maana mambo hayo matatu ndiyo yaliyolifanya jimbo kuwa jimbo. Wanapoyaweka kando na kuchora mistari mitupu, kazi yao hushuka ghafla.

Sehemu niliyoirudia mara nyingi kuliko zote ni ile ya Ufaransa. Juu ya ramani ya msingi kuna karatasi angavu tano ambazo msomaji huzilaza moja juu ya nyingine: mikoa ya kale kama Bretagne na Anjou, maeneo ya kodi yaliyosimamiwa na maofisa wa mfalme, maeneo ya mahakama, dayosisi za Kanisa, na mwisho kanda za kodi ya chumvi. Zikilazwa zote kwa pamoja, ni nadra kuona mstari wa karatasi moja ukifuatana na wa nyingine kwa mwendo mrefu. Mwanakijiji aliweza kuhesabiwa kodi katika mji mmoja, kupeleka shauri lake katika mji wa pili, na kuwa chini ya askofu anayekaa katika mji wa tatu. Karatasi ya chumvi ndiyo inayosema zaidi. Bretagne ilikuwa imesamehewa kodi hiyo, ilhali majirani zake wa Anjou na Maine walikuwa katika kanda iliyotozwa kiwango kizito kuliko zote, na ukitazama mstari huo mwekundu unaowatenganisha unaelewa mara moja kwa nini magendo ya chumvi yalishamiri pale na kwa nini walinzi wengi wa forodha waliwekwa hapo.

Ukurasa unaofuata unaonyesha yaliyotokea baada ya Mapinduzi. Mwaka 1789 Jacques-Guillaume Thouret aliwasilisha pendekezo la kuigawa nchi katika miraba iliyokaribiana ukubwa, na atlasi imeichora miraba hiyo kwa wino hafifu chini ya departimenti (mikoa mipya ya utawala) 83 ambazo Bunge lilizikubali hatimaye mwaka 1790. Ulinganisho huo una faida kubwa, kwa sababu unaonyesha wazi kwamba mipaka mingi ya zamani ilistahimili hata pale ambapo majina yake yalifutwa na mahali pake pakachukuliwa na majina ya mito na milima. Kuzunguka kila makao makuu pamechorwa umbali wa safari ya siku moja, maana nia ilikuwa kwamba mwananchi asilazimike kusafiri zaidi ya hapo kuzifikia ofisi za utawala. Maelezo yanaongeza, kwa haki kabisa, kwamba mwaka 1800 Napoleon aliiwekea kila departimenti mkuu mmoja aliyeteuliwa na serikali kuu, na hivyo umbali uleule uliokusudiwa kumrahisishia mwananchi ukaisaidia pia serikali kumfikia yeye kwa kodi na kwa jeshi. Sijaona kwingine jambo hili likielezwa kwa ufupi na uangalifu wa namna hii.

Sura ya Roma nayo imetungwa vizuri. Mgawanyo wa mwaka 27 KK, ambapo Kaisari Augusto aliyaacha majimbo mengi tulivu chini ya magavana waliotokana na Seneti na kubaki mwenyewe na yale yaliyokuwa na majeshi mengi, unaonyeshwa kwa alama ya kila lejioni (kikosi kikubwa cha jeshi la Roma) mahali ilipopiga kambi. Misri imepewa rangi ya peke yake, na ndivyo ilivyostahili: mtawala wake hakutoka miongoni mwa maseneta, na seneta hakuruhusiwa kuingia huko bila idhini ya Kaisari, kwa kuwa nafaka ya jiji la Roma ilitegemea nchi hiyo kwa sehemu kubwa. Ramani ya Kaisari Diocletian, aliyetawala kuanzia 284 hadi 305, inaonyesha majimbo yaliyokatwakatwa hadi kufikia takriban 100 na kupangwa katika dayosisi 12, yaani makundi ya majimbo na si maeneo ya maaskofu, huku mamlaka ya kiraia yakitenganishwa na ya kijeshi katika sehemu nyingi. Gavana mwenye eneo dogo na asiye na askari hakuwa na nguvu za kujitangaza mfalme, na wakati huohuo alikuwa karibu zaidi na walipa kodi wake.

China ndiyo iliyodhulumiwa. Nchi ambayo mfumo wake wa wilaya umedumu kwa zaidi ya miaka 2,000 imepewa kurasa mbili tu. Zipo zile wilaya kuu 36 za mwaka 221 KK, kila moja ikiwa na mtawala wa kiraia, mkuu wa jeshi na mkaguzi, na hilo ni sawa. Lakini ramani ya nasaba ya Yuan, ile ya Wamongolia, haina milima, na bila milima haieleweki. Bonde la Hanzhong liko kusini mwa safu ya Qinling, na kwa maumbile linaelekeana na Sichuan, ila watawala wa Yuan waliliunganisha na Shaanxi iliyo ng'ambo ya milima ili Sichuan isiweze kujifungia nyuma ya ngome yake ya asili. Msomaji wa atlasi hii anaona mpaka uliopinda bila sababu, naye hana namna ya kujua kwamba mpindo huo ulikusudiwa.

Kosa linalonisikitisha zaidi liko katika ramani ya Uajemi. Herodotus, mwanahistoria Mgiriki, anaorodhesha majimbo 20 pamoja na ushuru wa kila moja, Wahindi wakitoa talanta 360 za vumbi la dhahabu. Maandishi ya Darius wa Kwanza, mfalme wa Uajemi, kwenye mwamba wa Behistun yanataja nchi 23. Na wasomaji wa Biblia wanayajua majimbo 127 ya Ahasuero katika Kitabu cha Esta. Hesabu hizi zinatofautiana kwa sababu zinahesabu vitu tofauti, na orodha ya Herodotus ni ya mataifa yaliyopangwa pamoja kwa ajili ya ushuru. Hata hivyo atlasi imechora mistari minene, iliyonyooka jangwani, kana kwamba wapima ardhi walipita huko. Mstari wa nukta, au jina la taifa lililoandikwa tu juu ya nchi yake, ungekuwa mkweli zaidi. Wainka wa Amerika Kusini wametendewa haki kuliko Waajemi, kwani kando ya sehemu nne za himaya yao zilizokutana Cusco, mji mkuu wao, umewekwa mchoro wa kaya zilizopangwa kutoka 10 hadi 10,000, na msomaji anaona kwamba utawala ule ulihesabu watu kuliko ulivyopima ardhi.

Kuhusu Afrika, karibu kila kitu kinaanza na wakoloni, na hilo halikubaliki katika kitabu chenye upeo mpana kama huu. Himaya ya Songhai ya Afrika Magharibi, chini ya Askia Muhammad, ilikuwa na mtawala wa magharibi mwenye cheo cha Kurmina-fari, aliyekaa Tindirma. Ufalme wa Buganda ulikuwa na saza zake, yaani majimbo yake, kila moja na mkuu mwenye cheo chake, kama Mukwenda wa Ssingo na Ssekiboobo wa Kyaggwe, na Mkataba wa 1900 kati ya Buganda na Waingereza uliweka saza 20 juu ya msingi huo, kisha Waingereza wakaupeleka mfumo uleule katika sehemu nyingine za Uganda. Ushahidi upo wa kutosha kutengeneza karatasi angavu zinazofanana na zile za Ufaransa: saza za kale, saza za mkataba, na wilaya za kikoloni juu yake.

Karatasi ya atlasi ni nzito na jalada linafunguka hadi kulala sawasawa mezani, ingawa rangi za kodi na za jeshi zimekaribiana mno kwa macho yaliyochoka. Faharasa inahitaji kufanyiwa kazi: mahali pamewekwa kwa tahajia moja tu, hivyo anayeitafuta Yerusalemu ya mwaka 1872, ilipokuwa mkoa ulioripoti moja kwa moja Istanbul, makao makuu ya dola ya Waosmani, ataikuta chini ya jina la Kituruki pekee.