Now You See Me: niliijua siri mapema, bado nikanaswa

Mara ya kwanza filamu hii ya 2013, ya wanamazingaombwe wanne wanaoiba huku wakitumbuiza, niliionea kibanda umiza, nakala iliyotiwa maneno ya Kiswahili na DJ. Hata nusu haijafika, DJ kashamtaja kinara wa siri wa mchezo mzima, tena anacheka! Nikanyanyuka nikaondoka zangu. Juzi ndiyo nimeitazama yote nyumbani, na mdogo wangu ambaye hakujua lolote.

Mwanzoni kabisa Jesse Eisenberg, mmoja wa wale wanne, anaachia karata zipite harakaharaka mbele ya macho yako, uchague moja. Nikachagua saba ya uru. Mdogo wangu naye saba ya uru. Mara ghorofa refu la Chicago likawaka taa: saba ya uru! Tulirudisha nyuma mara tatu ndipo tukang'amua kuwa karata ile huachwa ionekane kitambo kidogo kuliko zingine. Hapo walinipata kihalali.

Wizi wa benki ya Paris huku wenyewe wako jukwaani Las Vegas nao ni mtamu, hasa Morgan Freeman anapoufumua hatua kwa hatua: fedha zilishaibwa kabla, na chini ya jukwaa kumejengwa chumba cha benki cha bandia. Lakini Isla Fisher kuelea ndani ya kiputo juu ya watu? Hayo si mazingaombwe, ni kompyuta.

Wahakiki waligawanyika karibu nusu kwa nusu. Watazamaji hawakujali, filamu ya dola milioni 75 ikaingiza zaidi ya milioni 350. Mimi kuhusu ule mwisho niko na wahakiki wasioridhika. Ukiwa unaijua siri, mfuatilie yule kinara: anafura kwa hasira hata pale ambapo hana wa kumzuga. Sasa anamwigizia nani? Sisi tuliokaa kwenye kochi. Karata ile ukiirudia unaona ujanja wake. Huyu ukimrudia unaona uongo tu.

Haya, mdogo wangu siri ilipofichuka aliruka kutoka kwenye kiti, nami nimeuma ulimi karibu saa mbili nzima. Nyota tatu na nusu. Ile ya pili, ya 2016, tumeipangia Jumamosi, na safari hii sote wawili hatujui kitu.