Chanjo ya homa ya uti wa mgongo: nilivyompeleka mama Mwanza kabla ya Umra

Wiki tatu kabla ya safari ya Umra ndo tukaambiwa mama lazima awe amechanjwa homa ya uti wa mgongo na iandikwe kwenye kadi ya njano, maana Saudia wanaidai na inatakiwa iwe imechomwa angalau siku 10 kabla hujafika. Mama anakaa Sengerema, akavuka na kivuko cha Kamanga asubuhi mapema, kumbe njia nzima ana hofu, anajua anaenda kuchomwa mgongoni! Alifananisha na ile sindano ya ganzi aliyochomwa mdogo wangu alipojifungua kwa operesheni. Jamani hii inachomwa begani, mgongo hauguswi kabisa. Na haihusiani na UTI ya mkojo, hapa Kirumba nimesikia wengi wanachanganya.

Sehemu ya kwanza, sitaitaja, wakasema chanjo ipo, tulipie. Nikaomba kuona boksi, limeandikwa A na C tu. Nikauliza mbona tumeambiwa ACWY, yule kaka akasema "ni ile ile tu dada". Sio ile ile! Hizo herufi ni makundi ya bakteria anayeitwa meningokokasi na chanjo inakinga yale yaliyoandikwa tu. Hiyo W ndo iliwapata mahujaji mwaka 2000 wakarudi nayo makwao mpaka Ulaya, na leo Saudia wanataka zote nne. Nikamshika mama mkono tukatoka, iliniuma sana, mama wa watu angelipa pesa yake na kinga kamili asipate.

Sehemu ya pili nesi alitukalisha akaeleza taratibu, Mungu ambariki. Kumbe hata ACWY zenyewe ziko mbili. Ya zamani ni sukari ya ganda la bakteria peke yake, kinga yake inashuka mapema, Saudia wanaihesabu miaka 3, na kwa mtoto chini ya miaka 2 haifanyi kazi vizuri. Ya kisasa hiyo sukari imeunganishwa na protini, mwili unaikumbuka zaidi, inahesabiwa miaka 5. Mama akapata ya kisasa, na nesi akaandika aina yake kwenye kadi, hapo muwe makini sana maana aina isipoandikwa wanakuhesabia miaka 3 tu hata kama ulichomwa ya miaka 5.

Mkono ulimuuma siku mbili, usiku homa kidogo, akanywa panadol ikaisha.

Ila msidhani ukichanjwa hiyo umemaliza. Kundi B halimo humo, lina chanjo nyingine, na Nigeria mwaka 2024 walianza kutumia nyingine ya makundi matano, imeongezwa X. Halafu kuna homa ya uti wa mgongo ya fangasi inayowapata sana wenye kinga ya mwili iliyoshuka, hiyo haina chanjo, kwa hiyo mtu akipata homa kali, kichwa kinapasuka na shingo imekakamaa, mkimbizeni hospitali hata kama kadi anayo.

Kwa watoto wachanga nesi akasema kinga imo humo humo kliniki, chanjo ya penta ina kinga ya bakteria anayeitwa Hib na chanjo ya PCV inakinga bakteria anayeitwa nimokokasi, wote hao wanaleta homa ya uti wa mgongo. Nilivyorudi nikamwambia mdogo wangu atoe kadi ya mtoto tuangalie. Wiki ya 14 ilishapita na dozi ya tatu haijachomwa. Kesho yake saa moja asubuhi alikuwa kwenye foleni.